Uzi: Katika riwaya yangu kuna uga unaopunguza mwendo wa wakati. Je, aliye nje ataiona taa iliyowashwa ndani?

#1 Bint Mwambao

Salaam wanajukwaa.

Huu ni mwaka wa pili naandika riwaya inayotokea katika ulimwengu nilioubuni mwenyewe, kuanzia milima yake mpaka majina ya pepo zake, na sasa nimekwama mahali ambapo sikutarajia. Katika ulimwengu huo kuna bonde liitwalo Nyamle, na bonde hilo limefunikwa na uga wa nishati ambao wenyeji wanauita Utando. Aliye ndani ya Utando huishi siku 1 wakati aliye nje anaishi siku 30. Sitaki iwe ndoto wala kiinimacho. Nywele, njaa, mimba, moto wa kuni, kutu ya jembe, vyote vilivyo ndani vinakwenda kwa mwendo huo mmoja, na aliye ndani hahisi tofauti yoyote kwa sababu hata mapigo ya moyo wake yamefuata.

Utando uliposhuka, bibi mmoja alibaki ndani. Mjukuu wake wa miaka 9 alikuwa mlimani anachunga mbuzi, akabaki nje. Kila jioni bibi anawasha kandili, anafuta chemni kwa pindo la kanga, kisha anaitundika kwenye mwimo wa mlango unaoelekea mlimani, na mtoto anakaa juu ya jiwe lile lile akiitazama. Nimeandika sura 4 zinazoitegemea kandili hiyo. Juzi mdogo wangu aliye kidato cha sita alizisoma, akaniuliza swali moja tu: "Dada, huo mwanga unatokaje humo ndani?"

Naamini kwamba ulimwengu wa kubuni ukishawekewa sheria lazima uzitii, la sivyo msomaji ana haki ya kukifunga kitabu. Naomba mnisaidie.

#2 Kalamu Kavu

Hongera kwa kazi, dada. Sioni kama umekwama. Waliokulia kwenye radio kaseti wanakumbuka kwamba betri zikichoka, kanda huzunguka polepole na sauti ya mwimbaji inakuwa nzito kama ya mtu aliyeamshwa usingizini. Mwanga nao ni mawimbi. Mawimbi yakitoka mahali ambapo wakati unakwenda polepole, yatafika yakiwa yamelegea, na mwanga uliolegea huelekea upande wa rangi nyekundu. Kwa hiyo mtoto ataiona kandili, ila itakuwa nyekundu iliyofifia kama kaa linaloelekea kuzimika. Badilisha rangi tu, sura zako 4 zibaki.

#3 Mwalimu wa Jioni

Kalamu Kavu ameushika mwelekeo, lakini hakuipiga hesabu, na hesabu yenyewe inaizima kandili.

Jicho la binadamu linaona mwanga wenye urefu wa wimbi kuanzia takribani nanomita 400, ambao ni urujuani, hadi takribani 700, ambao ni mwekundu. Nafasi yote ya kuona haifiki hata mara mbili ya pale inapoanzia. Maana yake ni kwamba hata kama uwiano wa Utando ungekuwa 2 badala ya 30, urujuani wa nanomita 400 ungetoka ukiwa 800, na mwekundu wa 700 ungetoka ukiwa 1,400, yaani rangi zote za kandili zingetoka nje ya uwezo wa jicho. Ili kijani igeuke kuwa nyekundu tu, uwiano usizidi sana 1.2. Kwa uwiano wa 30, mwanga wa nanomita 500 unatoka ukiwa na urefu wa maikromita 15, yaani nanomita 15,000. Huo ni mnunurisho wa joto, ambao jicho haliuoni kabisa.

Jambo hili halikutungwa na waandishi. Mwaka 1959 na 1960 Robert Pound na Glen Rebka walilipima katika mnara wa Chuo Kikuu cha Harvard, kwa kutuma miale ya gama katika kimo cha mita 22.5 tu, na badiliko la mitetemo lilionekana kama nadharia ya Einstein ya mwaka 1915, inayohusu mvuto na wakati, ilivyotabiri. Lilikuwa dogo mno, lakini lilikuwepo.

#4 Bint Mwambao

Ahsante, Mwalimu, ingawa nimelisoma jibu lako nikiwa nimeshika kichwa. Naomba niulize upande wa pili. Ikiwa mtoto haioni taa ya bibi, je, bibi akiangalia mlimani anaona nini?

#5 Mwalimu wa Jioni

Upande huo ndio wenye hatari. Mwanga unaoingia unabanwa badala ya kulegezwa. Mwanga wa jua wa nanomita 500 utamfikia bibi ukiwa na takribani nanomita 17, ambayo ni mionzi ya urujuanimno iliyo kali kabisa. Tena kila chembe ya mwanga inafika na nishati mara 30 ya ile iliyoondoka nayo, na chembe zenyewe zinafika kwa wingi mara 30 katika kila dakika ya bibi, kwa hiyo jumla ni mara 900. Jua la adhuhuri linaleta karibu wati 1,000 kwenye mita 1 ya mraba. Bibi atapata wati 900,000.

Wala usiku haumwokoi. Mawe ya mlimani yanatoa mnunurisho wa joto wenye urefu wa karibu maikromita 10, ambao sisi hatuuoni wala hautudhuru. Ukivuka Utando unakuwa theluthi moja ya maikromita, yaani urujuanimno tena. Kwa macho ya aliye ndani, jiwe la kawaida la mlimani linawaka kama kitu chenye joto kuliko uso wa jua.

#6 Mpenda Hesabu

Kabla hatujamzika bibi wa watu, naomba niulize: umeandika "kila jioni". Jioni ya nani?

Ikiwa jua liko nje, bibi analiona likichomoza na kuzama mara 30 katika siku yake 1. Siku nzima ya nje kwake inachukua dakika 48: dakika 24 za mchana, dakika 24 za usiku. Akianza kupika ugali na mboga, jua litazama na kuchomoza tena kabla hajapakua. Mwaka mzima unampitia kwa siku 12, na masika ya miezi 3 yanamwagika kwa siku 3. Na hiyo kandili, kama ana mafuta ya saa 4, kwa mtoto itawaka siku 5 mchana na usiku bila kuzimwa, kisha kutakuwa na giza kwa siku 25. Mtoto hatazamii jioni. Anatazamia mwezi.

Mvua nayo ina neno. Tone kubwa la mvua huanguka kwa karibu mita 9 kwa sekunde. Kama linavuka Utando bila kupunguziwa mwendo, kwa saa ya bibi linakuja kwa mita 270 kwa sekunde, na huo ni mwendo wa risasi ya bastola. Hakuna paa la makuti linalostahimili hilo.

#7 Bint Mwambao

Ndugu Mpenda Hesabu, hilo la jioni limenichoma kweli, kwa sababu nimelitumia neno hilo mara nyingi na hakuna hata mara moja nililifikiria. Lakini kumbe ndani yake kuna kitu kizuri kuliko nilichokuwa nacho: mtoto anayesubiri siku 25 za giza ili apate siku 5 za mwanga. Hilo nalichukua.

#8 Baharia Mstaafu

Hamjambo vijana. Mnalizungumza jambo hili kana kwamba ni la kubuni tupu, na mimi nimefanya kazi nalo melini miaka mingi. Kile chombo kinachotuonyesha mahali tulipo kinategemea setilaiti zilizo kwenye kimo cha takribani kilomita 20,200. Saa zake zinaikimbia saa ya ardhini kwa maikrosekunde 45 kila siku kwa sababu huko juu mvuto ni hafifu, zinachelewa maikrosekunde 7 kwa sababu ya mwendo wake, na zinazobaki ni 38. Zisiporekebishwa, ndani ya siku 1 mahali unapoonyeshwa patakosewa kwa zaidi ya kilomita 10, na kilomita 10 baharini zinatosha kukupandisha mwambani.

Hata bila kupanda angani, anayeishi kileleni Kibo, kwenye mita 5,895, anamtangulia aliye ufukweni Tanga kwa karibu maikrosekunde 20 kila mwaka. Ni kidogo, lakini ni wakati wa kweli.

Kwa hiyo rai yangu ni kwamba Utando ni mvuto. Chini ya bonde kuna kitu kizito mno. Na hili halikuanza kwa Einstein. Utotoni tulisimuliwa habari za mvuvi aliyealikwa na majini kwenye karamu chini ya maji, akala usiku mmoja, akarudi akamkuta mwanawe ana mvi. Wazee wetu waliuweka wakati wa polepole chini, kilindini, na fizikia nayo inauweka huko huko chini.

#9 Mwalimu wa Jioni

Shikamoo Mzee Baharia. Takwimu zako za setilaiti na za Kibo ni sahihi, na hadithi ya mvuvi nimeipenda. Ila mvuto hautufai hapa. Mvuto na tofauti ya mwendo wa wakati ni mtoto na mama: popote wakati unapobadilika mwendo kutoka mahali hadi mahali, vitu huanguka kuelekea upande ulio wa polepole. Kuanguka kwetu kote hapa duniani kunatokana na tofauti ndogo kama hizo za Kibo na Tanga. Sasa ukiitaka tofauti ya mara 30 ikamilike katika mpaka wenye unene wa mita 10, mvuto wa mpaka huo unakuwa takribani mara trilioni 3,000 ya ule tulionao. Mbuzi wa kwanza atakayesogea pale hatabaki mbuzi.

#10 Baharia Mstaafu

Marahaba, mwanangu. Basi mpaka usiwe wa mita 10. Uwe mpana.

#11 Mwalimu wa Jioni

Mzee wangu, ili mpaka uvute kama ardhi inavyotuvuta sisi, unene wake ungezidi miaka 3 ya mwendo wa mwanga. Bonde la Nyamle lingekuwa nyota nyingine.

#12 Mtoto wa Ziwa

Nimefuatilia tangu mwanzo, na ninaona mnakosea jambo moja la msingi. Nani amesema ni wakati wenyewe uliopinda?

Kwetu ziwani kuna samaki anaitwa kamongo. Maji yakikauka anachimba tope, anajikunja mpaka mkia unafika usoni, anajifunika kwa ute wake ambao ukikauka unakuwa kama karatasi ya khaki, anaacha tundu dogo la kupumulia, na hapo anakaa miezi mingi bila kula. Niliwahi kuvunja donge la tope nikiwa mdogo, nikamkuta ndani. Alikuwa mkavu na baridi, nikadhani amekufa. Nilimtia kwenye ndoo ya maji, na kabla ya magharibi alikuwa anapiga mkia. Wakati haukupinda kwa kamongo. Uhai wake ndio uliopunguzwa moto kama jiko.

Napendekeza Utando ufanye hivyo: unapunguza mwendo wa kila badiliko la kikemia, na hakuna zaidi. Njaa, nywele, kutu na moto wa kuni, vyote ulivyotaja kwenye #1, ni kemia. Mwanga unapita ukiwa salama, hakuna kubanwa wala kulegezwa, bibi haungui, na kandili inaonekana kwa rangi yake, isipokuwa hafifu kwa sababu mafuta yanaungua polepole.

#13 Kalamu Kavu

Hapa kandili imefufuka. Namuunga mkono Mtoto wa Ziwa kwa mikono miwili.

#14 Fundi Saa

Mimi natengeneza saa, na ninavyoona jibu la #12 linapimika.

Chukua saa 3 uziingize bondeni. Ya kwanza iwe ya ukutani yenye pendulamu. Ya pili iwe ya mkononi ya kutia ufunguo. Ya tatu iwe ya kwatzi, ile ya betri ambayo kipande chake cha fuwele hutetema mara 32,768 kwa sekunde. Pendulamu inatii mvuto: mwaka 1672 Jean Richer alipeleka saa ya namna hiyo kutoka Paris hadi Cayenne, karibu na ikweta, ikawa inachelewa karibu dakika 2 na nusu kila siku kwa sababu mvuto wa kule ni mdogo kidogo. Haikuharibika, na wakati haukubadilika. Saa ya ufunguo haijali mvuto, inajali ugumu wa springi. Fuwele ya kwatzi ina mambo yake mengine kabisa.

Ikiwa saa zote 3 zitachelewa kwa uwiano ule ule wa 30, basi uliopinda ni wakati, maana hakuna nguvu moja inayozigusa kwa kiasi kilekile mashine 3 zinazoendeshwa kwa sababu 3 tofauti. Zikitofautiana, basi Utando ni nguvu tu inayosumbua vitu. Kwa nadharia ya kamongo, pendulamu haina kemia yoyote. Itaendelea kupiga kama kawaida, na bibi ataona mshale wake ukikimbia kama feni. Lakini Bint Mwambao alisema aliye ndani hahisi tofauti yoyote. Huyu atahisi kila akiangusha kijiko, kwa kuwa kitafika chini kabla hajakiona.

Walioipima hoja hii kwa kweli ni Joseph Hafele na Richard Keating, mwaka 1971. Walipanda ndege za abiria na saa 4 za atomi, wakaizunguka dunia kwa kwenda mashariki, kisha magharibi. Saa zilizokwenda mashariki zilipoteza takribani nanosekunde 59, na zilizokwenda magharibi zikapata takribani 273. Saa za atomi hazina springi wala pendulamu wala mafuta.

#15 Mtafuta Elimu

Assalaam alaykum. Nimeona Mzee Baharia ametaja majini, nami naomba niongeze lililo karibu zaidi na swali, kwa heshima na bila kulifananisha na hadithi za kubuni. Katika Suratul Baqara, aya ya 259, kuna habari za mtu aliyepita kwenye mji ulioanguka, na wafasiri wengi wanasema alikuwa Uzair. Mwenyezi Mungu alimfisha miaka 100 kisha akamfufua. Alipoulizwa amekaa muda gani, alisema siku moja au sehemu ya siku. Kisha akaambiwa atazame chakula chake na kinywaji chake, havikuharibika, na atazame punda wake, ambaye alikuwa amebaki mifupa.

Mimi kila nikiisoma aya hii nasimama kwenye chakula na punda. Vilikuwa mahali pamoja, chini ya jua moja, na kimoja hakikuguswa na miaka huku kingine kikiisha. Nyote mnadhani uga lazima uwe kama kuba, kwamba kila kilicho chini yake kinapata hesabu moja. Mbona usishike kitu na kuacha kingine?

#16 Kalamu Kavu

Wa alaykum salaam. Naomba mambo ya imani tuyaheshimu mahali pake, ili uzi usije ukaelekea kwenye mabishano ambayo mwenye swali hakuyaomba.

#17 Mtafuta Elimu

Ndiyo maana nilitanguliza heshima. Hoja yangu ni ya umbo la uga tu. Hata watu wa pangoni, katika Suratul Kahf, walikaa miaka 300 na wakazidisha 9, na wengi wameeleza kwamba miaka 300 ya jua ni sawa na takribani 309 ya mwezi. Muda mmoja, hesabu 2, na zote ni sahihi. Bint Mwambao anaweza kufaidika na hilo atakapofikia kuandika umri wa mtoto na umri wa bibi.

#18 Muuguzi wa Usiku

Habari za usiku. Naona wote mnajadili mwanga, na hakuna aliyeuliza jambo ambalo mimi lingeninyima usingizi: mtu anavukaje?

Miaka mingi iliyopita, katika kituo kimoja nilichokuwa nafanya kazi, mgonjwa alifungwa mkanda wa kuzuia damu juu ya goti, kisha zamu ikabadilika na hakuna aliyeandika saa. Nilipoufungua, mguu ulikuwa mweupe kama nta na vidole havikukunjika. Kiungo kisichopata damu kinastahimili karibu saa 2, kisha kinaanza kufa. Sasa fikiria mtoto anaingia bondeni taratibu kwa kutanguliza kifua. Moyo wake ukishavuka, kwa saa ya nje unapiga mara 2 na kidogo kwa dakika badala ya 70. Ikiwa kichwa kimebaki nje, ubongo unaishi kwa mwendo kamili bila damu, na binadamu huzimia ndani ya sekunde 10 hivi damu inapokoma kufika kichwani. Ataanguka mpakani, nusu ndani, nusu nje, na miguu iliyo nje itakufa huku moyo hata haujahesabu dakika 5.

Akitanguliza miguu ni afadhali, kwa sababu miguu iliyo ndani inahitaji damu kidogo na moyo ulio nje una nguvu ya kutosha. Lakini itafika tu zamu ya kifua, na hapo asisite. Avuke kwa kuruka. Tafadhali mwandike akiruka.

#19 Bint Mwambao

Dada Muuguzi, sura ya 11 ina mtu anayesimama mpakani kwa muda mrefu, mkono mmoja ndani, akitafakari kama aingie. Nilipoiandika niliona ni mahali pa utulivu.

#20 Muuguzi wa Usiku

Mkono si neno. Mwache. Akiuchomoa atakuta kucha za mkono ule ni fupi kuliko za mwingine.

#21 Dereva wa Njia Ndefu

Samahani kwa kuingilia. Mimi niliwahi kuuona wakati ukisimama bila uga wowote. Breki zilishindwa kwenye mteremko, na katika sekunde chache kabla ya kugonga ukingo niliona vipande vya kioo vikielea kimoja kimoja, na nikapata nafasi ya kumfikiria kila mtoto wangu kwa jina. Huenda Utando uko kichwani.

#22 Mpenda Hesabu

Pole sana, ndugu, na tunashukuru uko salama. Hilo lilipimwa. Mwaka 2007 David Eagleman na wenzake huko Marekani waliwaangusha watu kutoka kimo cha mita 31 wakadakwa na wavu, na kila mmoja alikuwa na kifaa mkononi kinachoonyesha namba zinazobadilika haraka mno kusomeka. Kama wakati ulikuwa umepungua mwendo kwao, wangezisoma. Hawakuzisoma, ingawa walipokadiria muda wa kuanguka kwao walizidisha kwa zaidi ya theluthi moja. Kumbukumbu ndiyo inayonenepa.

Na ndiyo maana saa ya kichwani haiaminiki. Mwaka 1962 Mfaransa Michel Siffre alikaa pangoni miezi 2 bila saa wala jua. Walipomwita atoke tarehe 14 Septemba, yeye hesabu yake ilikuwa bado tarehe 20 Agosti. Wakati wa pango ulikuwa sawa na wa nje. Aliyepotea ni yeye.

#23 Kalamu Kavu

Tumrudie bibi. Nina njia nyingine ya kuiokoa kandili. Taa ya tyubu, ile ndefu nyeupe, ndani yake kuna mvuke wa zebaki unaotoa urujuanimno wa nanomita 254, usioonekana. Tunachokiona kinatoka kwenye unga mweupe uliopakwa ndani ya kioo, ambao unapokea mwanga usioonekana na kutoa wake. Basi Utando wenyewe uwe huo unga. Mwanga wa kandili hauvuki. Unaishia kwenye Utando, na mahali pale Utando unang'aa kwa rangi yake. Mchana unafanya vivyo hivyo kwa upande wa ndani, na bibi haungui.

#24 Mwalimu wa Jioni

Ni njia nzuri, ila unga wa tyubu hushusha nishati, hauipandishi. Ili Utando utoe mwanga unaoonekana kutokana na kandili, itabidi ujiongezee kutoka kwenye nishati yake yenyewe, na mwandishi atuambie hiyo inatoka wapi na inaisha lini.

#25 Mtoto wa Ziwa

Au mrudi kwa kamongo, ambaye hahitaji unga.

#26 Fundi Saa

Na kijiko je?

#27 Bint Mwambao

Nimefikiria kuiacha taa kabisa. Bibi ana ngoma ya marehemu mumewe. Apige ngoma.

#28 Mwalimu wa Jioni

Akipiga mapigo 120 kwa dakika, mtoto atapata mapigo 4, yaani pigo 1 kila baada ya sekunde 15. Na ngozi inayotetema mara 90 kwa sekunde itatetema mara 3. Sikio halisikii sauti ya chini ya mitetemo 20 hivi. Hatasikia ngoma, ila akiweka kiganja ardhini huenda akahisi kitu kinachosukuma na kuachia, kinasukuma na kuachia, kisha kimya cha muda mrefu.

Lakini jana usiku nilirudia hesabu zangu za #5, nikagundua kwamba nilikuwa naitazama upande mmoja. Tulisema mnunurisho wa joto wa nje unabanwa unapoingia. Mwili wa binadamu nao unatoa mnunurisho huo huo. Ule wenye urefu wa maikromita 12 unaingia bondeni ukiwa nanomita 400, na hiyo ndiyo rangi ya urujuani, pale jicho linapoanzia kuona. Mnunurisho mrefu zaidi, wa karibu maikromita 15, unamezwa njiani na kabonidayoksaidi ya hewani, kwa hiyo utabaki urujuani mtupu. Kama Bint Mwambao atapata njia yoyote ya kuupunguza ule ukali wa mara 900, basi mtoto haioni taa ya bibi, lakini bibi anamwona mtoto akiwaka.

#29 Mpenda Hesabu

Mawe nayo yatawaka, Mwalimu. Umesema mwenyewe.

#30 Mwalimu wa Jioni

Yatawaka. Jiwe la mlimani usiku likiwa na nyuzi 15 na ngozi ikiwa na nyuzi 33, ngozi itazidi kwa karibu robo katika rangi hiyo. Si tofauti kubwa, ila akikaa ukingoni, nyuma yake pakiwa na anga tupu lisilo na mawingu, anga litakuwa jeusi kuliko yeye.

#31 Mpenda Hesabu

Basi, kama anakaa juu ya jiwe saa 1 kila usiku, bibi anaona nuru ya urujuani ukingoni mwa mlima kwa dakika 2, kisha inapotea, na inarudi baada ya dakika 48. Kila siku 12 za bibi, nuru hiyo imeongezeka kimo kwa mwaka mmoja. Katika miezi 3 ya bibi mtoto anakuwa na miaka 16.

#32 Bint Mwambao

Nimesoma #28 na #31 mara nyingi tangu asubuhi. Sura zote 4 nilizitazama kwa macho ya mtoto. Bado sijui nimfuate Mwalimu au kamongo, na swali la Mtafuta Elimu kwenye #15 sijalijibu. Ila kandili ibaki mlangoni, hata kama hakuna anayeiona.

#33 Muuguzi wa Usiku

Ukiandika hivyo, kumbuka kwamba mwili hauna joto moja. Paji la uso na shingo ndizo zenye joto zaidi, na pua, vidole na nyayo hupoa mapema, hasa kwa mtoto aliyekaa mlimani usiku. Bibi ataanza kuuona uso kabla ya kitu kingine chochote. Na mtoto akijitanda blanketi mpaka kichwani kwa sababu ya baridi, atazimika. Awe na sababu ya kuuacha uso wazi.